Mwongozo kamili: Kutunga mzaha wa chale wa mfalme

Chale ni mtu wa kuchekesha. Chale pia ni ule mkato mdogo wa wembe ambao mganga huuchanja ngozini, kisha akausugulia dawa. Nafundisha vijana kuandika michezo ya jukwaani, na kila tukifika kwenye mhusika huyu wa kasri za Ulaya ya kale naanza na hayo maneno mawili. Mkato uwe mdogo. Dawa iingie. Na anayechanjwa asishtuke akakimbia kabla haijaingia.

Wengi wanaoniletea kazi zao wamemtunga chale kwa mavazi: kofia yenye masikio ya punda, njuga, fimbo fupi iliyochongwa kichwa cha mtu nchani, sarakasi mbili tatu, basi. Maneno yake wameyaacha yawe matusi ya kijiweni. Chale wa kweli angetukana hivyo angelala nje siku hiyo hiyo. Mzaha wake ulikuwa neno lenye milango miwili: wa mbele, ambao mfalme anaingilia akicheka, na wa uani, ambao chale anatokea mambo yakiharibika. Mwongozo huu wote ni wa kujenga ule mlango wa uani.

Kwanza mjue unayemtunga

Waingereza wa karne ya 16 walitofautisha chale wa aina mbili. Mmoja alikuwa mtu mwenye ulemavu wa akili, akalishwa na kuvikwa kasrini, na watu wakacheka aliyosema kwa kuamini hajui anachosema. Asiyejua hana kosa. Wa pili alikuwa na akili zake timamu, na alichofanya ni kujivika kutokuwa na kosa kwa yule wa kwanza kama mtu aazimavyo koti. Hiyo ndiyo ruhusa yake. Mtunge huyu wa pili. Yule wa kwanza ukimtunga ili achekwe, utakuwa unarudia ukatili wa zamani kwa wino mpya.

Msomaji wa Tanzania ruhusa hiyo anaijua kwa jina jingine. Mtani anakuja msibani, anazuia jeneza, anadai apewe chochote ndipo marehemu apite, na wafiwa wanacheka machozi yakiwa hayajakauka. Jirani ambaye si mtani akijaribu, atatolewa kwa mateke. Tofauti iko kwa anayesema, kabla hata hajafungua kinywa.

Jambo jingine la kujua: vitabu vya mahesabu vya kasri za zama za kati vinataja zaidi nguo na posho za machale kuliko maneno yao. Mizaha tuliyo nayo mingi iliandikwa karne ya 16 na 17, au imepita midomo mingi. Zamani zaidi tunapata mambo kama ya Roland, mtu wa zama za Henry II wa Uingereza, karne ya 12, aliyeshikilia shamba la ekari 30 huko Hemingstone, Suffolk. Kodi ya shamba ilikuwa kwamba kila Krismasi aruke mara moja, apige mluzi mara moja, na ajambe mara moja mbele ya mfalme. Sharti hilo limeandikwa kwa Kilatini, kwa uzito wote wa hati ya ardhi. Mzaha wa namna hiyo hauhitaji mlango wa uani, maana wenyewe umetokea huko.

Hatua ya 1: Tafuta neno linaloogopwa

Usianze na kichekesho. Anza na habari ambayo kila mtu barazani anaijua na hakuna anayethubutu kuitamka. Tarehe 24 Juni 1340 meli za Ufaransa ziliteketezwa na Waingereza huko Sluys. Inasimuliwa kwamba watumishi wa Mfalme Philip VI waliogopa kumpelekea habari, ikabidi aende chale. Naye akaanza kuwalaani Waingereza: waoga wakubwa wale! Mfalme akauliza kwa nini. Akajibiwa kuwa hawakuwa na moyo wa kujitupa baharini kama walivyofanya Wafaransa wetu mashujaa.

Angalia kazi ilivyopangwa. Neno "tumeshindwa" halikutamkwa. Chale amemsifu mfalme na kumtukana adui, mambo mawili ambayo hayamfungi mtu. Habari ya kushindwa mfalme ameijumlisha mwenyewe kichwani, na mtu hamkasirikii aliyemwachia ajumlishe.

Kwa hiyo chukua karatasi uandike mambo matatu: habari yenyewe, anayeogopa kuisema, na atakayeumia ikisemwa. Kama wa tatu hayupo, huna mzaha, una taarifa.

Hatua ya 2: Chagua neno linalobeba watu wawili

Hapa ndipo Kiswahili kinapotudai akili zaidi, na nitakaa kidogo.

Archibald Armstrong, kwa kifupi Archy, alikuwa chale wa James I wa Uingereza, kisha wa mwanawe Charles I. Adui yake alikuwa William Laud, aliyekuja kuwa askofu mkuu wa Canterbury, mtu mwenye madaraka makubwa na kimo kifupi. Kwa Kiingereza jina lake ni neno la kale lenye maana ya sifa. Inasemwa kwamba siku moja, chakula kikiwa mezani, Archy aliomba dua: Mungu apewe utukufu mwingi, na shetani apewe sifa kidogo. Hiyo "sifa kidogo" ndiyo askofu, jina na kimo chake kwa pamoja. Na ukiisikiliza kwa sikio la ibada, ni dua safi kabisa.

Ihamishie kwetu. Tuseme waziri anaitwa Sifa, jina ambalo watu wanalo. Ukiandika "shetani apewe sifa ndogo", umezungumzia kusifu tu. Ukiandika "apewe Sifa mdogo", umemtaja mtu na mlango wa uani umejifunga. Ngeli zimekuchongea. Mtunzi wa Kiingereza hana shida hii. Sisi kila kivumishi chetu ni shahidi. Kinachokuokoa hapo ni "kidogo", maana neno hilo likikaa hivyo halimwangalii mtu wala kitu usoni.

Ndiyo maana majina yetu yenye maana mbili hayafai sana kwa kazi hii, ingawa kila mwanafunzi huyakimbilia kwanza. Kaa huyu ana magando, kaa hili lina moto. Kanga huyu anataga, kanga hii inafuliwa. Paa huyu anakimbia, paa hili linavuja. Mara tu unapoweka "huyu" au "hili", fumbo limevuliwa nguo.

Hamia kwenye vitenzi. Panda, shinda, kaa, chota, kula: hivi havikuchongei. Mfano mwepesi: mfalme anauliza habari za mashamba. Chale anasema, "Mvua haikunyesha, bwana wangu, hakuna kilichopandwa. Ila kodi, namshukuru Mungu, imepanda vizuri."

Sasa tazama namna ya kuchonga mmoja kutoka mwanzo. Nimechagua "kula", kwa sababu sisi tunakula vyakula, viapo, njama, likizo na rushwa kwa kinywa kimoja. Rasimu ya kwanza ya mwanafunzi wangu mmoja ilikuwa hivi:

Mfalme: Waziri wa hazina ameapishwa.
Chale: Ameapishwa lakini atakula rushwa!

Huo si mzaha, ni shutuma. Tukabadilisha kauli ya mfalme kwanza, maana mara nyingi kosa haliko kwenye jibu, liko kwenye pasi:

Mfalme: Waziri wa hazina amekula kiapo.
Chale: Amekula kiapo, na kesho atakula hazina.

Afadhali. Lakini chale bado anaeleza kila kitu. Mwache mfalme ajumlishe:

Mfalme: Waziri wa hazina amekula kiapo asubuhi hii.
Chale: Hicho ni kifungua kinywa, bwana wangu. Mchana tumwandalie nini?

Hazina haikutajwa na chale, imetajwa na mfalme. Rushwa haikutajwa na yeyote. Na waziri akikunja uso, chale ameuliza habari za chakula cha mgeni, jambo la adabu.

Hatua ya 3: Pinda vyeo

Thomas Wilson, katika kitabu chake cha balagha cha mwaka 1553, ameandika mzaha wa Will Somers, chale wa Henry VIII. Mfalme alikuwa akilalamika hana fedha. Somers akamwambia ana wakaguzi wengi, wapimaji wengi na wapokeaji wengi, ila kila cheo alikipinda sauti kidogo kikageuka tapeli, mwizi na mlaghai. Hao, akasema, ndio wanaokusanya fedha zako zote na kujibakizia.

Uzuri wa ufundi huu ni kwamba makosa ya ulimi hayana hatia. Mpumbavu amekosea kutamka, utamfanya nini? Na kwetu unaingia bila kulazimishwa, kana kwamba Somers alikuwa mtu wa Kariakoo: "Bwana wangu, utakosaje fedha nawe una wakwapuzi, wapigaji na wapokonyaji wote hawa?" Wakaguzi, wapimaji, wapokeaji. Herufi zimehama nyumba moja tu.

Masharti mawili. Cheo cha kweli kisikike kwanza mahali fulani katika tukio, angalau dakika moja kabla, ili sikio la mtazamaji liwe nacho. Na usizidishe vitatu. Cha kwanza watu wanadhani umekosea, cha pili wanashuku, cha tatu ukumbi unaanguka. Cha nne wanaangalia saa.

Hatua ya 4: Mtii mfalme neno kwa neno

Katika zama za kati yalisambaa kwa Kilatini mazungumzo ya Mfalme Sulemani na mshamba mmoja mwenye sura mbaya, Marcolf. Sulemani anachoka naye na kumwambia asimwone tena usoni. Marcolf anaingia ndani ya tanuri la mkate na kuacha makalio yakitazama nje. Uso haukuonekana, amri imetimizwa. Anahukumiwa kunyongwa, anaomba jambo moja tu: achague mwenyewe mti wa kunyongewa. Wanamzungusha mabonde na milima, mpaka Yordani na Uarabuni, na hakuna mti unaompendeza.

Ufundi ni kutafuta amri ambayo watu husema bila kuipima. "Toka mbele ya macho yangu!" anafoka mfalme. Chale anazunguka na kusimama nyuma ya kiti cha enzi. "Nimeshatoka mbele, bwana." Kisha mwache pale. Akiwa nyuma ya kiti anaona anayoyafanya malkia kwa mkono wa kushoto, na tukio lako linalofuata limejiandika.

Hapa sisi tuna mwalimu wa karibu zaidi. Abu Nuwas alikuwa mshairi wa kweli wa Baghdad wakati wa Harun al-Rashid, aliyetawala kuanzia 786 hadi 809. Masimulizi yakamchukua, yakamvusha bahari, na pwani yetu akawa Abunuwasi. Sultani anamtaka ajenge nyumba angani. Abunuwasi anarusha tiara na kuwaambia watu wa Sultani haya, pandisheni mawe na chokaa, mafundi wanasubiri. Kuna na ile ya maskini aliyekula mkate wake mkavu kwenye harufu ya nyama ya tajiri na kushtakiwa alipe. Abunuwasi anachukua sarafu, anazigonganisha, anamwambia tajiri: umelipwa, aliyenusa analipa kwa mlio. Kisa hicho hicho Rabelais wa Ufaransa alikiandika mwaka 1546, na hakimu kwake ni chale wa mjini Paris. Nikiwaambia wanafunzi hivyo wanaanza kumsoma chale wa Ulaya kama mjomba wao.

Hatua ya 5: Kubali mpaka jambo lipasuke

Chale hapingi. Anaunga mkono zaidi ya mawaziri. Sima Qian, mwanahistoria wa China, ametuachia habari za chale mfupi wa kimo aliyeitwa Zhan. Mfalme wa pili wa Qin alitaka kuta zote za mji zipakwe rangi ya utomvu inayong'aa. Zhan akashangilia: vizuri sana, kuta zitateleza hata adui ashindwe kupanda! Tatizo ni moja dogo. Rangi ile hukaushiwa ndani ya banda, sasa banda la kuuingiza mji tutalijenga wapi? Mfalme akacheka na kuacha.

Jaribu hivi. Mfalme anataka kutoza kodi ya vivuli vya miti. Mawaziri wanapiga makofi. Chale anapiga zaidi: "Akili hiyo! Hata vivuli vya nyumba visiachwe. Tuanze na kivuli kirefu kuliko vyote nchini, tuwaonyeshe watu mfano." Kisha anageuka taratibu kuutazama mnara wa kasri. Asiseme kitu. Mwigizaji mzuri hapo ana sekunde tano za dhahabu.

Hatua ya 6: Kata mkia wa methali

Sulemani katika yale mazungumzo anatoa hekima, Marcolf anajibu kwa methali ya jikoni. Kwa lugha yenye methali kama yetu, hii ni karamu. Mfalme apewe nusu inayojulikana, chale apewe kiraka.

"Asiyesikia la mkuu huvunjika guu."
"Na anayelisikia huvunjika mgongo."

"Subira yavuta heri."
"Taratibu, bwana, isije ikakatika."

Jibu lifuate mdundo wa methali, vinginevyo linakuwa hotuba. Nalo liwe fupi kuliko methali yenyewe au lilingane nayo.

Kitendawili nacho kina hazina ambayo sijaona watunzi wakiitumia. Sisi anayeshindwa kutegua hudaiwa mji. Mbele ya mfalme, mchezo huo wa watoto unakuwa mchezo wa hatari, maana yeye miji anayo kweli. Chale anatega: "Wote wanaramba vidole, mwenye mzinga anahadithiwa utamu." Mfalme anashindwa. "Nipe mji, bwana wangu." Baraza linanyamaza. "Mji gani?" "Wowote. Hata ule uliompa shemeji."

Hatua ya 7: Ukibanwa, rudisha

Stańczyk alikuwa chale wa wafalme wa Polandi katika karne ya 16. Mwaka 1533 Mfalme Sigismund aliletewa dubu mkubwa kutoka Lithuania akamfungulia msituni Niepołomice, karibu na Kraków, ili amwinde. Dubu akawashambulia watu, malkia Bona akaanguka kutoka kwenye farasi na mimba ikaharibika. Baadaye mfalme alimsimanga Stańczyk kwa kukimbia kama mpumbavu. Akajibiwa kwamba upumbavu mkubwa zaidi ni kumfungulia dubu aliyekwisha kuwa ndani ya kizimba.

Jibu hili lina makali kuliko yote niliyotaja, na mlango wake wa uani ni mwembamba. Kilichomlinda ni kwamba neno "mpumbavu" alilileta mfalme. Yeye amelirudisha kama mtu arudishavyo chombo cha jirani. Tumia hatua hii mara moja tu katika mchezo mzima, na daima chale awe ameshambuliwa kwanza.

Hatua ya 8: Mpime kwa swali moja

Ukimaliza kila mzaha, mweke mfalme asimame ghafla, uso umekauka, aulize: "Ulimaanisha nini?" Chale ajibu kwa pumzi moja, jibu lisilo na kosa, bila kuomba radhi. Asipoweza, futa uandike upya.

Swali hili nililijifunza vibaya. Niliwahi kusherehesha harusi, na mjomba mmoja alikuwa ameahidi ng'ombe wawili ambao hawajaonekana. Nikasema kwenye kipaza sauti kwamba ng'ombe wa mjomba tumeona mkia tu. Watu wakacheka. Mjomba akainuka, akaja mpaka mbele, akauliza kwa upole: "Unamaanisha nini, mwanangu?" Sikuwa na jibu. Ningesema "ng'ombe wa mjomba bado wako safarini, tuwaombee njia", ningejibu: nawaombea, mjomba, nawe sema amina.

Pima kwa kipimo hicho mizaha ya Archy. Ile dua: ulimaanisha nini? Nimemtukuza Mungu na kumbana shetani, baba askofu, kuna ubaya? Imepita. Lakini mwaka 1637 Laud na mfalme waliwalazimisha Waskoti kitabu kipya cha sala, na Edinburgh ikalipuka kwa ghasia. Archy alipomwona askofu akielekea barazani, alimuuliza: sasa mpumbavu ni nani? Neno lina mlango mmoja, nalo lilikuwa kweli tupu. Machi 1638 baraza la mfalme liliamuru avuliwe koti la uchale kwa kuvutwa juu ya kichwa, na afukuzwe kasrini.

Hakufa njaa. Alikuwa na fedha na ardhi, akakopesha watu, akamaliza siku zake Arthuret, karibu na mpaka wa Uskoti. Laud alikatwa kichwa mwaka 1645, na Charles mwaka 1649. Archy aliishi mpaka 1672, na walimzika tarehe 1 Aprili.